MAISHA YA GEORGES MÉLIÈS, FUNDI WA MAPAZIA NA MWEZI

Safari yetu ya leo itatufikisha hadi mwezini na kuturudisha. Katika kurasa hizi tumezoea kusoma maisha ya wapigania uhuru, washairi na wanariadha. Jambo hilo ni jema na liendelee. Lakini leo mimi nimewaletea mtu wa namna nyingine kabisa, mtu wa rangi, gundi, misumari na kadibodi. Jina lake ni Georges Méliès, kwa matamshi yetu Meliesi. Alikuwa Mfaransa, akazaliwa Paris tarehe 8 Desemba 1861 na kufariki tarehe 21 Januari 1938.

Mbona huyu, utaniuliza. Sababu ninayo. Mchezo wetu wa kuigiza ukipendeza, mhusika mkuu hubebwa juu juu kama bwana harusi. Lakini yule aliyechora kuta za nyumba ya mfalme juu ya kadibodi, nani humkumbuka? Na yule aliyetambua mapema kwamba kijana fulani mnyamavu wa kidato cha pili ndiye anayefaa kuwa chifu, nani humpa hata soda? Hakuna. Mimi nasema hadithi husimama au huanguka kwa kazi hizo mbili, yaani kuwachagua watu na kupajenga mahali. Méliès ndiye shahidi wangu.

Nyota njema huonekana asubuhi. Baba yake Georges alikuwa fundi viatu aliyejitahidi mpaka akamiliki kiwanda cha viatu mjini Paris. Mama yake alikuwa Mholanzi. Georges alikuwa kitindamimba katika wana watatu, na baba alitarajia wote watatu waje kuendesha kiwanda. Kumbe moyo wa mtoto ulikuwa kwingine! Alipokuwa na umri wa miaka kumi hivi alikuwa akijitengenezea jukwaa dogo la vikaragosi kwa kadibodi. Shuleni madaftari yake yalijaa michoro ya walimu na wanafunzi wenzake, tena wakati alipotakiwa kuandika insha. Hilo, wenzangu, tusiliige, walimu wasije wakanilaumu mimi.

Mwaka 1884 baba alimpeleka London akajifunze Kiingereza kwa manufaa ya biashara. Kijana akafika London, na jioni akawa anakwenda kwenye ukumbi ulioitwa Egyptian Hall, kutazama viinimacho. Huko aliona watu wakitoweka na vichwa vikielea hewani. Aliporudi kwao alitaka kusomea uchoraji, baba akakataa katakata. Basi akaingia kiwandani, akapewa kazi ya kushughulikia mashine. Baba hakujua kwamba hapo alikuwa akimfundisha mwanawe ufundi utakaomfaa baadaye mahali pengine. Mwaka 1885 Georges akaoa mke, Eugénie Génin.

Mwaka 1888 mzee alistaafu. Georges akawauzia ndugu zake fungu lake la kiwanda, na kwa pesa hizo akanunua ukumbi wa viinimacho hapo Paris, Théâtre Robert-Houdin, ulioitwa kwa jina la bingwa mmoja wa mazingaombwe wa zamani. Hapo ndipo alipopata chuo chake. Alibuni viinimacho vipya, akachora mapazia ya nyuma ya jukwaa, akaunda mashine za kupandisha na kushusha watu, akapanga mavazi, akachagua nani atokee na nani akae nyuma. Kazi zote hizo mtu mmoja!

Sasa tufike kwenye siku iliyogeuza maisha yake. Tarehe 28 Desemba 1895, familia ya Lumière ilionyesha picha zinazotembea mbele ya watu waliolipa kiingilio, katika mkahawa wa Grand Café mjini Paris. Méliès alikuwa miongoni mwa waalikwa. Wengine walishangaa wakaenda zao nyumbani. Yeye alishangaa akataka kuinunua mashine papo hapo, akataja bei ya faranga 10,000. Lumière wakakataa. Lakini mtaka cha mvunguni sharti ainame. Mwaka 1896 Méliès alikwenda Uingereza, akanunua mashine ya kuonyeshea picha kutoka kwa fundi Robert W. Paul, akaichunguza, akaigeuza ikawa kamera ya kupigia picha. Mnaona sasa faida ya zile siku za kiwandani?

Filamu zake za kwanza hazikuwa na ajabu. Zilikuwa za watu wakicheza karata na mambo kama hayo, kwa kuwaiga Lumière. Mwenyewe alisimulia kwamba siku moja alikuwa akipiga picha barabarani, karibu na jumba la opera la Paris, kamera ikakwama. Akaitengeneza kwa muda mfupi, akaendelea. Alipoitazama filamu ile, gari la abiria lililokokotwa na farasi liligeuka ghafla likawa gari la kubebea maiti! Kumbe wakati kamera imekwama magari yalikuwa yamebadilishana nafasi. Mwaka huohuo wa 1896 alitoa filamu ya bibi anayetoweka kitini na mifupa kuonekana mahali pake. Bibi huyo alikuwa Jehanne d'Alcy, mwigizaji wa ukumbi wake, na mbele tutamkuta tena.

Mwaka 1897 Méliès alikuwa na studio yake huko Montreuil, nje kidogo ya Paris, katika ardhi ya familia. Ilikuwa nyumba ya vioo, kuta na paa, kwa sababu siku hizo picha zilipigwa kwa mwanga wa jua. Vipimo vya jukwaa alivitoa kwenye ukumbi wake. Chini ya sakafu palikuwa na mashimo na milango ya siri, na juu palikuwa na kamba na magurudumu ya kuvutia vitu. Ukiingia humo ungedhani umeingia karakana ya seremala, duka la fundi cherehani na mahali pa kuchezea sarakasi, vyote kwa pamoja.

Hapa kuna jambo ninalotaka wachoraji wetu walisikie vizuri. Filamu ya siku zile haikuona rangi kama macho yetu yanavyoziona. Rangi nyekundu ilitokea nyeusi, na samawati ilitokea kama nyeupe. Ukichora anga la samawati lenye mawingu meupe, kila kitu kinapotelea hapo. Méliès alifanyaje? Alichora kila kitu kwa rangi ya kijivu, kuanzia kijivu kilichokaribia weupe mpaka kile kilichokaribia weusi. Kuta, miti, viti, hata nyuso za waigizaji zilipakwa kwa hesabu hiyo. Mtu angeingia studioni angeona ulimwengu uliofifia kama jivu. Lakini kwenye pazia la sinema ulikuwa jumba la mfalme, bahari, au mbingu. Yeye hakuchora kilichopendeza machoni pake pale studioni, alichora kile ambacho kamera itakiona. Tofauti ni kubwa sana, na ndiyo sababu mapazia yetu mengine yanapendeza darasani yakaharibika ukumbini.

Kazi ya pili ilikuwa kupata watu. Mwanzoni aliigiza mwenyewe, akawatumia jamaa zake, majirani na wafanyakazi wa ukumbi wake. Waigizaji wa kumbi kubwa waliidharau sinema, wakaiona mchezo wa maonyesho ya sokoni. Basi Méliès akaweka malipo ya sarafu moja ya dhahabu kwa siku, na mchana chakula bure, wakila pamoja naye. Hapo wale wa dharau wakaanza kuja mmoja mmoja, wachezaji wa ngoma na waimbaji wa vilabu.

Lakini pesa peke yake haimpi mtu uso unaofaa. Mwaka 1899 Ufaransa nzima ilikuwa ikigombana juu ya Alfred Dreyfus, kapteni wa jeshi, Myahudi, aliyehukumiwa mwaka 1894 kwa ujasusi ambao hakuufanya. Familia zilikosana, marafiki hawakusalimiana. Méliès alisimama upande wa Dreyfus, akatengeneza filamu ya sehemu 11 juu ya mambo hayo wakati kesi yake ilipokuwa ikisikilizwa tena. Mtu wa kuwa Dreyfus alimpata wapi? Hakwenda kwenye kumbi za maigizo. Alimchukua fundi wa vyuma kwa sababu alifanana sana na kapteni mwenyewe. Mapazia aliyachora kwa kufuata picha za magazeti, gereza likawa gereza, mahakama ikawa mahakama. Yeye mwenyewe akawa wakili Labori, aliyemtetea Dreyfus. Inasimuliwa kwamba watazamaji walishikana mashati ukumbini. Dreyfus hakusafishwa jina mpaka mwaka 1906, lakini watu waliotazama filamu ile miaka saba kabla walimwona mbele yao mtu kama wao, akiteseka.

Mfano mwingine ni wa mwaka 1902, Edward wa Saba alipongoja kutawazwa kuwa mfalme wa Uingereza. Kamera hazikuruhusiwa kanisani Westminster. Basi Méliès, akishirikiana na Charles Urban wa London, akajenga sehemu ya kanisa hilo huko kwake Montreuil. Na mfalme je? Alimtafuta mtu aliyefanana naye, na mtu huyo alikuwa mfanyakazi wa mahali pa kufulia nguo! Mfalme halisi aliugua, sherehe ikaahirishwa kutoka Juni mpaka tarehe 9 Agosti, na siku hiyo watu wa London waliitazama filamu iliyokuwa imeshatengenezwa zamani. Dobi akawa mfalme kabla mfalme hajavikwa taji. Jambo hili lanichekesha kila nikilifikiria, lakini pia lanifunza. Méliès hakutazama cheo cha mtu, alitazama uso wake na jinsi anavyosimama.

Mwaka huohuo wa 1902 ndio aliotoa kazi iliyompa jina duniani, Le Voyage dans la Lune, yaani Safari ya Mwezini. Ilimchukua kama miezi mitatu na kumgharimu kama faranga 10,000, zile zile alizotaka kuwapa Lumière. Wataalamu wa nyota wanapanda chombo kama risasi, wanapigwa kwa mzinga, wanamtoboa mwezi jicho, wanakutana na wenyeji wa huko, wanakimbizwa, wanaanguka baharini na kurudi nyumbani kwa shangwe.

Tazameni alivyowagawa watu. Wenyeji wa mwezini waliruka na kupinduka, basi aliwachukua wanasarakasi wa Folies Bergère. Nyota za angani zilitakiwa kukaa kwa madaha, basi akaleta mabinti wacheza ngoma wa Théâtre du Châtelet. Bibi aliyekaa kwenye hilali alikuwa Bleuette Bernon, ambaye Méliès alimwona akiimba kilabuni. Wataalamu walikuwa waimbaji wa kuchekesha watu, na mkuu wao, Profesa Barbenfouillis mwenye ndevu, alikuwa Méliès mwenyewe. Hakuna hata mmoja aliyewekwa kwa sababu ya urafiki au kwa sababu alilia sana apewe nafasi. Sijamtaja mtu!

Vichwa vya wenyeji wa mwezini Méliès alivifinyanga kwa mikono yake, kisha vikatengenezwa barakoa kwa mfano huo. Mapango ya mwezini yenye uyoga mkubwa yalikuwa vitambaa na mbao zilizochorwa. Na ule mwezi wenye uso unaokaribia mpaka unajaa pazia zima, wengi hudhani kamera iliusogelea. La hasha. Kamera ilitulia tuli. Mwigizaji alikalishwa kwenye kiti kilichopanda juu ya reli, amefunikwa mahameli nyeusi mpaka shingoni, akavutwa kuelekea kamera. Nakala nyingine zilitiwa rangi kwa mkono, picha baada ya picha, katika karakana ya Bi. Elisabeth Thuillier wa Paris. Wafanyakazi wake walikuwa wanawake, na kila mmoja alipaka rangi yake moja tu.

Baada ya sukari ikaja shubiri. Safari ya Mwezini ilipendwa Marekani, lakini nakala nyingi huko zilikuwa za wizi, na faida ikaingia mifuko ya watu wengine. Mwaka 1903 alimtuma ndugu yake Gaston kufungua ofisi New York ili kulinda mali ya kampuni yao, Star Film. Ilisaidia kiasi. Wakati huo makampuni makubwa kama Pathé yalikuwa yakitoa filamu kama kiwanda kinavyotoa sabuni, na kuanzia mwaka 1909 biashara ikageuka, filamu zikawa za kukodishwa badala ya kuuzwa. Méliès, aliyezoea kuuza nakala na kufanya kila kitu polepole kwa mikono, akaachwa nyuma.

Mgala muue na haki yake mpe, na mimi nisimpake mafuta kwa mgongo wa chupa. Yeye pia hakutaka kubadilika. Kamera yake ilikaa pale pale, kama mtazamaji aliyekaa kitini katikati ya ukumbi, mwaka nenda mwaka rudi. Wenzake walitoka nje, wakaisogeza kamera, wakapiga picha milimani na barabarani. Yeye mwaka 1912 bado alikuwa akijenga jitu kubwa la barafu linalomeza watu, katika filamu ya safari ya kwenda ncha ya dunia. Jitu lilikuwa la ajabu, lakini watu walikuwa wameshaanza kutaka mambo mengine. Pesa za kutengenezea filamu alikuwa amezikopa kwa Pathé, na nyumba na studio zilikuwa rehani. Mwaka 1913 mkewe Eugénie akafariki, na kazi ya filamu ikaisha.

Vita vya Kwanza vya Dunia vikaja. Jeshi lilichukua nakala zaidi ya 400 za filamu zake, likaziyeyusha, na kutokana nazo zikatengenezwa visigino vya viatu. Naomba msomaji usome tena sentensi hiyo. Mwana wa mwenye kiwanda cha viatu alivikimbia viatu maisha yake yote, na filamu zake zikaishia kwenye viatu.

Mwaka 1923 ukumbi wake wa Paris ulibomolewa ili barabara ipite, na Pathé wakachukua studio ya Montreuil. Mzee akapandwa na ghadhabu. Akazichoma kwa mikono yake filamu zake za asili zilizokuwa zimehifadhiwa Montreuil, pamoja na mapazia na maleba mengi. Hasira hasara. Kati ya filamu zaidi ya 500 alizotengeneza, zilizopatikana mpaka leo ni kama 200 tu. Wengi humlaumu. Mimi namhurumia, lakini siwezi kumtetea, kwa kuwa katika moto ule iliungua pia kazi ya wanasarakasi, mabinti wa ngoma na yule fundi wa vyuma. Filamu zilikuwa zake, lakini sura zilikuwa za watu wengi.

Mwaka 1925 alimwoa Jehanne d'Alcy, yule bibi aliyetoweka kitini. Wakaishi kwa kuuza peremende na vitu vya kuchezea watoto katika kibanda ndani ya stesheni ya gari la moshi ya Montparnasse. Abiria walinunua peremende wakapita, bila kujua muuzaji ni nani.

Baada ya dhiki faraja. Waandishi wa habari wakamgundua, na tarehe 16 Desemba 1929 ikafanyika karamu ya heshima katika ukumbi wa Salle Pleyel, ambapo filamu zake chache zilizookotwa zilionyeshwa tena. Mwaka 1931 alivikwa nishani ya Légion d'honneur, na aliyemvika ni Louis Lumière, mwana wa nyumba ile iliyomnyima mashine. Mwaka 1932 alipewa makao, yeye na mkewe, katika nyumba ya wazee wa sinema huko Orly. Aliendelea kuchora. Mapazia aliyoyachoma aliyachora tena kwenye karatasi, kwa kukumbuka tu.

Kijana mmoja, Henri Langlois, pamoja na mwenzake Georges Franju, walikuwa wameanza kuokota filamu kuukuu ili zisipotee. Mwaka 1936 walipata jengo tupu hapo Orly la kuzihifadhi, na ufunguo wakampa mzee Méliès autunze. Mtu aliyechoma filamu akawa mlinzi wa filamu. Alifariki miaka miwili baadaye, akazikwa Paris katika makaburi ya Père Lachaise. Nakala ya rangi ya Safari ya Mwezini, ambayo watu walidhani imepotea kabisa, ilipatikana Barcelona mwaka 1993 ikiwa imeharibika vibaya. Ilitengenezwa kipande kwa kipande, na mwaka 2011 ikaonyeshwa Cannes.

Wakati wa Méliès kazi hizi hazikuwa na majina. Heshima ya kuandikwa kwenye filamu kwamba fulani ndiye aliyebuni sura yake yote alikuja kuipata Mmarekani William Cameron Menzies mwaka 1939, kwa filamu ya Gone with the Wind, mwaka mmoja baada ya Méliès kuzikwa. Leo hao wanaobuni mandhari na wanaochagua waigizaji wana ofisi zao na mishahara yao.

Basi, wasomaji wapenzi, nina mapendekezo mawili kwa chama chetu na kwa walimu walezi. La kwanza, majina ya wachoraji, washonaji na wanaochagua waigizaji yaandikwe kwenye karatasi ya mchezo, na herufi ziwe sawa na za mhusika mkuu. La pili, mapazia yetu yasitupwe jaani mchezo ukiisha, tuyakunje na kuyaweka stoo. Wapo watakaosema ni kadibodi tu. Mwezi wa Méliès nao ulikuwa vitambaa, mbao na rangi ya kijivu, na mpaka leo watu wanautazama.